Sharubati ya Ukwaju kwa Siku za Kaskazi

Msimu wa kaskazi unapokomaa, yaani tangu mwisho wa Desemba hata Machi, wakati mvua za masika zinapokaribia, joto la Mombasa huwa si la jua peke yake. Huwa limechanganyika na unyevu wa bahari, na mtu hutoka hamamuni akiwa safi, na kabla hajamaliza kufunga vifungo vya shati huwa amekwisha kulowa jasho. Katika siku hizo mahitaji ya mwili ni machache, nayo ni dhahiri: kivuli, upepo, na kitu cha kunywa. Kivuli na upepo ni neema za Mola, naye huzigawa apendavyo. Ama kinywaji, hicho ni kazi ya mikono yetu, nami huona ajabu kwamba sisi watu wa pwani, tuliojaaliwa mikwaju kila upande, huenda dukani tukanunua unga wa rangi uliotiwa ndani ya pakiti, tukaukoroga majini na kuuita juisi.

Kwa miaka mingi nimekuwa nikitengeneza sharubati ya ukwaju nyumbani, nikawapa wa kwangu na wageni, na katika mwezi wa Ramadhani haikosekani juu ya jamvi la futari. Rai yangu juu ya kinywaji hiki ni moja, na yote nitakayoyaeleza yameambatana nayo: katika sharubati ya ukwaju, ukali ndio mwenye nyumba, na sukari ni mgeni. Kinywaji kilichozidi utamu hakikati kiu. Huiahirisha kitambo, kisha huirudisha ikiwa kubwa kuliko kwanza, ilhali ugwadu huamsha mate, na kinywa kilichopata mate yake hutulia.

Mkwaju kwa asili ni mti wa bara letu la Afrika, ijapokuwa ulivuka bahari kwenda Bara Hindi zamani za kale, ukaenea huko hata Linnaeus, mwanachuoni wa Sweden, alipouandika katika kitabu chake cha mimea mwaka 1753 akaunasibisha na Hindi. Tunda lake lina tabia isiyopatikana kwa matunda mengi. Embe na chungwa, kadiri yanavyoiva, ndivyo ukali wake unavyopungua na utamu unavyoshika nafasi. Ukwaju nao huongezeka sukari unapoiva, walakini asidi yake, iitwayo asidi ya tatariki, haiondoki, na tunda linapokauka mtini hubaki imekolea. Kwa sababu hiyo ukwaju mbivu ni mtamu na mkali kwa wakati mmoja, nao hufaa kwa viazi vya karai na mishkaki kama unavyofaa kwa bilauri. (Fimbo ya mkwaju nayo ina sifa zake, wanazozijua vema watu wa rika langu waliosoma chuoni, lakini hayo si ya leo.)

Sokoni ukwaju huuzwa kwa sura mbili: ukiwa ndani ya maganda yake, au ukiwa umeambuliwa na kushindiliwa mabonge pamoja na kokwa. Wa maganda ni safi zaidi, nao huhitaji subira ya kuambua. Wa mabonge ni wepesi wa kutumia, walakini huhitaji jicho. Ukwaju mpya una rangi ya hudhurungi inayoelekea wekundu, na ukiubonyeza kwa kidole hukubali. Uliokaa sana hugeuka mweusi na kukauka, nao si mbaya kwa mchuzi, ila sharubati yake hutoka nzito ya rangi na pungufu ya harufu. Wauzaji wengine huuchanganya na chumvi ili usiharibike, basi ni haki ya mnunuzi kuonja chembe kabla ya kutoa fedha yake. Na bonge likinuka vumbi au ghala, muage mwenye duka kwa adabu na uende kwa jirani yake.

Kwa sharubati ya lita tatu, kiasi cha kuitosha nyumba ya watu wengi pamoja na mgeni asiyetarajiwa, mimi huchukua robo kilo ya ukwaju pamoja na kokwa zake. Huuchambua kwanza, nikaondoa vipande vya maganda na vijiti, kisha huusuuza kwa maji baridi upesi upesi, kusudi mchanga utoke bila kuondoka na ladha. Halafu huutia ndani ya bakuli la kauri au la kioo, nikaumiminia lita moja ya maji yaliyochemka kisha yakapoa kidogo, nikaufunika, nikauacha muda wa saa nzima. Chombo kina maana yake katika kazi hii: sufuria ya alumini haifai, kwa kuwa asidi ya ukwaju hula madini hayo, na sharubati hupata ladha ya bati ambayo hakuna sukari iwezayo kuificha.

Saa ikitimia, huja kazi ya mkono, nayo ndiyo roho ya jambo lote. Baada ya kunawa hata viwiko, hutumbukiza vidole katika bakuli lingali na uvuguvugu, na bonge lililokuwa gumu huwa limelegea. Vidole hukutana kwanza na nyuzi, zile zinazotambaa kwa urefu wa tunda, na hizo hutolewa zote kwa mvuto mmoja zikiwa zimeshikamana. Kisha hukutana na kokwa, nyingi, zenye kuteleza, kila moja imevaa nyama yake. Huishika kokwa kati ya dole gumba na kidole cha shahada, nikaizungusha huku nikiminya, mpaka nyama yote ivuke na kokwa itoke uchi, laini, yenye kung'aa. Maji yaliyokuwa mepesi na ya kimanjano huanza kuwa mazito, hubadilika rangi mbele ya macho, na mkono ukiinuliwa huteremsha uji unaoshuka polepole. Mwenye jeraha kidoleni hana haja ya kuonywa na mtu. Ukwaju wenyewe utamwarifu.

Wapo waonao kwamba hii ni kazi ya kizamani, na kwamba blenda ingeimaliza kwa nukta chache. Sina ugomvi na blenda katika mambo ya maembe na mananasi. Katika ukwaju, hata hivyo, makali yake huzipasua kokwa, na ganda la kokwa lina tanini kwa wingi, ambayo ni kitu kile kile kinachokaza ulimi wa mtu anywapo chai iliyosahauliwa jikoni. Na ukakasi huo ukishaingia katika kinywaji hapana chujio liwezalo kuutenga. Mwenye haraka na aambue kokwa zote kwanza ndipo awashe chombo chake, na akimaliza kuziambua ataona kwamba kazi ya mkono imekwisha kufanyika.

Kuchuja ni mara mbili. Kwanza hupitisha uji ule katika chujio la waya, nikiusukuma kwa mgongo wa kijiko mpaka zibaki nyuzi na kokwa tupu. Makapi hayo huyarudisha bakulini, nikayatia nusu lita nyingine ya maji ya uvuguvugu, nikayakamua tena, kwa kuwa maji ya pili bado yana haki yake. Kisha vyote viwili hupita katika kitambaa safi cha melimeli kilichotandazwa juu ya jagi. Baadhi ya watu huikamua melimeli kwa nguvu ili wasipoteze tone. Mimi huiacha ijichuje kwa uzito wake, kwani ukamuaji hulazimisha chenga kupita, na sharubati nzuri yapaswa kupita kooni bila kugusa. Makapi ya mwisho yasitupwe, nitayarejea.

Sasa tuje kwa mgeni wetu, sukari. Haitiwi kavu. Sukari kavu katika maji baridi huzama na kukaa chini, na matokeo yake ni kwamba mtu wa kwanza kumiminiwa hukunja uso, na wa mwisho hulambishwa asali. Huifanya shira: gramu 200 za sukari katika kikombe kimoja cha maji, juu ya moto mdogo, pamoja na kipande cha tangawizi cha urefu wa dole gumba kilichopondwa, punje nne za iliki zilizopasuliwa, na chumvi kidogo sana, kiasi kinachoshikika kwa ncha za vidole viwili. Vikichemka pamoja muda wa dakika tano, huepua, nikafunika mpaka vipoe kabisa, kisha hutoa tangawizi na iliki. Wengine huisaga tangawizi mbichi na kuitia maji yake moja kwa moja katika jagi. Ukali wake huwa mkubwa zaidi, ni kweli, lakini huacha wanga mweupe chini ya chombo, na huufunika ukwaju, ambao ndio uliotukusanya.

Katika viungo sharti pawe na mpaka. Iliki na tangawizi zimezoeana na ukwaju tangu zamani. Mdalasini ni mtawala, haukubali kuwa wa pili. Vanila, ambayo siku hizi hutiwa katika kila kitu, huifanya sharubati inuke keki. Ndimu siitii, maana ukali wa ndimu na ukali wa ukwaju hugombana, na mnywaji ndiye anayepata hasara ya ugomvi huo. Jani moja la nanaa juu ya bilauri silikatai, kwa sharti kwamba ni moja.

Shira ikisha kupoa, huimimina katika ukwaju kata kwa kata, huku nikionja, wala sifuati kipimo kwa upofu, kwa kuwa ukwaju hutofautiana mti kwa mti. Ndipo huongeza maji safi mpaka jumla ikaribie lita tatu. Hapa pana jambo la kuangaliwa: ulimi uliopigwa na baridi husikia utamu kwa uchache, na barafu ikiyeyuka huongeza maji, kwa hiyo sharubati inayoonjwa ikiwa na joto la chumbani yapasa ionekane imekolea kidogo, katika ukali na katika utamu vilevile. Anayeiweka sawa kabla ya barafu ataipata chapwa baada yake.

Ama kuhusu ubaridi, nyumbani kwangu jokofu lipo na mtungi upo, na kwa sharubati hupenda maji ya mtungi. Maji hupenya polepole katika vinyweleo vya udongo, yakafika nje, yakageuka mvuke kwa upepo, na mvuke huo huondoka na sehemu ya joto la yaliyobaki ndani. Ubaridi unaopatikana ni wa wastani, usioumiza meno wala kufisha ladha. Mtungi uliofukizwa ubani una fadhila nyingine, lakini hiyo ni tabia yangu, wala simlazimishi mtu. Mwenye kutaka barafu na aigandishe kwa maji yaliyochemshwa, maana ni upuuzi kuhangaika na usafi wa jagi halafu ukalitia maradhi kwa mkono wako mwenyewe.

Sharubati ikikaa, ukwaju hushuka chini na maji mepesi hubaki juu. Si dalili ya kuharibika, koroga tu kabla ya kumimina. Dalili ya kuharibika ni povu na mchemko mdogo unaosikika kifuniko kinapofunguliwa. Iliyokwisha kutiwa sukari huimaliza ndani ya siku mbili au tatu nikiwa nimeiweka jokofuni. Anayependa kuweka akiba, kama ilivyo desturi ya wengi kabla ya mwezi wa kufunga, auweke ukwaju uliochujwa peke yake, bila sukari wala maji ya kuzimulia, augandishe katika vijumba vya barafu, na kila alasiri atoe kiasi cha haja yake.

Katika kufuturu, sharubati hii ifuate tende na maji, isivitangulie, kwani tumbo lililoshinda tupu halipendi kukaribishwa kwa asidi. Wazee wetu huuhesabu ukwaju katika vitu vya baridi na huusifu kwa mwenye harara. Ninaloweza kulithibitisha mimi ni kwamba hulainisha tumbo, basi mwenye tumbo jepesi atosheke na bilauri moja, na mwenye kutumia dawa za kila siku amwulize tabibu wake. Ukisha kunywa, sukutua kwa maji matupu, wala usipige mswaki papo hapo, maana meno yaliyotoka kuguswa na asidi huwa dhaifu kwa muda mfupi.

Yamebaki makapi. Yachanganye na chumvi kiganja kimoja, uyasugulie sinia ya shaba au dele la kahawa lililopoteza nuru yake, uache dakika chache, usuuze kwa maji mengi na ukaushe upesi kwa kitambaa, la sivyo madoa yatarudi. Asidi huondoa ile kutu ya kijani na weusi uliotanda juu ya madini bila kuhitaji dawa ya kununua. Asiye na chombo cha shaba hana budi kuyatupa.