Neno "Easily" Si "Kwa Urahisi" Sikuzote



Leo naomba nafasi katika sehemu yetu ya Kiswahili niwaeleze neno moja tu la Kiingereza, nalo ni kielezi "easily". Labda mtasema, "Neno hilo tulifundishwa zamani, maana yake ni kwa urahisi, basi yatosha." Hata mimi nilidhani yatosha, na neno hilo likaniponza. Kwanza nitawasimulia jinsi lilivyoniponza, kisha tutaingia katika somo lenyewe.

Nilipokuwa kidato cha pili, ripoti yangu ya muhula ilikuja na maneno mawili ya mwalimu. Kwenye hesabu aliandika: "Easily the best in the class." Chini kabisa, mahali pa tabia, aliandika: "He is easily led." Baba yangu alikuwa mfanyakazi wa reli huko Tororo. Kiswahili alikijua barabara, maana ndicho walichosemezana kazini, lakini Kiingereza hakupata kukisoma. Basi usiku, baada ya kula, akaivuta taa karibu akaniambia, "Haya, mwanangu, nisomee."

Nikamsomea. Maneno ya kwanza niliyafasiri hivi: "Hufanya hesabu kwa urahisi, ni mzuri darasani." Ya pili nikayafasiri: "Huongozeka kwa urahisi." Sikukusudia kumdanganya, ndivyo nilivyoelewa. Juu ya hesabu baba alisema tu, "Kama ni rahisi kwako, basi ongeza bidii." Lakini juu ya kuongozeka alifurahi mno. Alisema mtoto anayeongozeka ni baraka nyumbani, na kesho yake akanichinjia kuku.

Muhula uliofuata nilitoroka shuleni usiku pamoja na wenzangu wanne. Tulipenya seng'enge tukaenda kutazama ngoma. Mimi sikuwa na haja na ngoma hiyo. Waliniambia twende, nikaenda. Tulipokamatwa tulirudishwa nyumbani wiki mbili, na wazazi wakaitwa. Mwalimu akamwambia baba kwa Kiswahili, "Mzee, nilikwisha kukuonya katika ripoti. Mwanao ni mwepesi wa kufuata wenziwe."

Baba hakunipiga. Alinyamaza njia nzima mpaka tulipofika kituo cha basi, ndipo aliposema, "Kumbe nilikuchinjia kuku kwa ajili ya kosa lako, na kwa sifa yako sikukupa hata yai."

Maneno hayo sijayasahau. "Easily" ilitokea mara mbili katika karatasi moja, na mara zote mbili niliikosa. Kama ningaliifasiri sawasawa, baba angalinionya mapema, na pengine nisingalipenya seng'enge ile. Sasa tulitazame neno.

ASILI YAKE

"Easily" imetokana na kivumishi "easy", na "easy" imetokana na "ease". Waingereza walilipata neno hilo katika Kifaransa cha kale, katika karne zilizofuata mwaka 1066, Wanormani walipoitwaa Uingereza. Wenzetu wa Kongo, Rwanda na Burundi waliosoma Kifaransa watalitambua mara moja, maana hata leo Mfaransa husema "à l'aise" akiwa na maana ya kustarehe. Basi maana ya mwanzo ilikuwa raha na utulivu, na maana ya kukosa ugumu ilifuata baadaye.

Jambo kama hilo limetukia katika lugha yetu. "Rahisi" ni neno la Kiarabu, na maana yake kwa Waarabu ni kitu kisicho ghali. Sisi tumeishika maana hiyo sokoni, twasema bei rahisi, kisha tumelipeleka neno mpaka kwenye kazi na mitihani. Maneno husafiri. Mwingereza aliianza safari yake kwenye raha, sisi tukaianzia kwenye bei, tukakutana katikati. Lakini si katika kila kituo tulikutana, na hapo ndipo makosa yanapozaliwa.

MAANA ZAKE SITA

Ya kwanza ni bila taabu. "She climbed the hill easily." Alipanda kilima bila taabu. Hapa "kwa urahisi" yafaa kabisa. Tena kumbukeni kwamba mara nyingi Kiswahili hakihitaji kielezi chochote, kwa kuwa urahisi umo ndani ya kitenzi chenyewe. Mwingereza asema "His handwriting can be read easily", nasi twasema "Mwandiko wake wasomeka", basi. Vivyo hivyo barabara yapitika, mzigo wachukulika, chakula chalika. Mkiziona herufi hizo -ika na -eka mwishoni mwa kitenzi, jueni kwamba mara nyingi zimeifanya kazi ya "easily" kimyakimya.

Ya pili ni upesi, kwa mtu au kitu kilicho mwepesi wa kupatwa na jambo. "He is easily angered." Ni mwepesi wa hasira. "This cup breaks easily." Kikombe hiki huvunjika upesi. Neno "mwepesi wa" ni zuri sana hapa: mwepesi wa kusahau, mwepesi wa kuamini, mwepesi wa kukata tamaa. Na hapa ndipo lilipo lile neno langu, "easily led". Mwingereza hamsifu mtu kwa maneno hayo. Ana maana kwamba yeyote apitaye aweza kumchukua. Kuongozwa na mwalimu ni jambo jema. Kuongozwa na kila mtu ni hatari.

Ya tatu ni yawezekana sana. Hii yataka uangalifu kuliko zote, kwani makosa yake yaweza kudhuru mwili. Tuseme karatasi ya dawa imeandikwa: "A child could easily swallow these tablets." Mwanafunzi akimfasiria mama yake, "Mtoto aweza kumeza vidonge hivi kwa urahisi", mama atadhani vidonge ni laini, vinafaa kupewa mtoto. Kumbe ni onyo. Maana yake ni: "Yawezekana sana mtoto akavimeza, viwekeni mbali naye." Basi mkiiona "easily" karibu na "could" au "might", simameni kwanza. Mara nyingi mwandishi haelezi urahisi wa kazi. Aeleza kwamba jambo laweza kutokea, tena si ajabu likitokea.

Ya nne ni bila shaka, au kwa mbali. Hutumika mbele ya maneno ya kushindanisha, kama "the best", "the tallest", "the worst". "She is easily the best singer in the choir." Usiseme anaimba kwa urahisi, labda hutoka jasho kila Jumapili. Sema: "Katika kwaya nzima hakuna amkaribiaye kwa kuimba." Hiyo ndiyo sifa niliyoipoteza mbele ya baba. Mwalimu alisema hapakuwa na wa kunikaribia katika hesabu, nami nikaigeuza kuwa habari ya hesabu nyepesi.

Ya tano ni si chini ya. Hutangulia hesabu na vipimo. "The church holds easily five hundred people." Kanisa huingia watu wasiopungua 500. "It is easily two hours on foot." Kwa miguu hazipungui saa mbili. Mtu akisikia hapo "kwa urahisi" atadhani njia ni tambarare, akaondoka bila maji.

Ya sita ni kwa utulivu, bila wasiwasi. "The two old men talked easily under the tree." Wazee wale wawili walizungumza kwa raha chini ya mti. Hii ndiyo ile maana ya kale ya Kifaransa, bado i hai.

MAHALI PAKE KATIKA SENTENSI

Sisi twaweza kusema "Alifungua kwa urahisi mlango" au "Alifungua mlango kwa urahisi", na zote zaeleweka. Mwingereza hapendi kielezi kiingie kati ya kitenzi na kile kinachotendwa. Basi msiandike "He opened easily the door." Andikeni "He opened the door easily" au "He easily opened the door."

Tena mahali pa neno paweza kugeuza maana. Linganisheni sentensi hizi mbili:

"Our team could easily lose." Yawezekana sana timu yetu ikashindwa.

"Our team could lose easily." Timu yetu yaweza kushindwa vibaya, bila hata kumpa mpinzani taabu.

Maneno ni yaleyale, lakini kapteni wa mpira akiyasikia hayo mawili, hayatamwuma sawasawa.

Katika kulinganisha, tumieni "more easily". Hakuna neno "easilier". Na katika kuandika, herufi y ya "easy" hugeuka kuwa i kabla ya kutiwa -ly, kama "happy" inavyokuwa "happily" na "heavy" kuwa "heavily". Katika kutamka, herufi s husikika kama z.

JAMAA ZAKE

Baada ya "is", "looks" na "seems", tumieni kivumishi, si kielezi. Sema "The sum looks easy", usiseme "looks easily". Iko pia misemo michache ambamo "easy" husimama pasipo -ly: "Take it easy", yaani usijisumbue, tulia, "Go easy on the sugar", usizidishe sukari, na "Easy come, easy go", ambayo sisi twajua kwamba cha kuokota hakikai. Hiyo ichukueni kama ilivyo. Lakini katika mtihani msiandike "I answered it easy". Andikeni "easily".

Jamaa mwingine ni "uneasily", naye ni mdanganyifu. Mwanafunzi hudhani ni kinyume cha "easily", yaani kwa shida. Sivyo. "He sat uneasily" maana yake alikaa kwa wasiwasi, roho haikutulia. Neno hilo limeishika ile maana ya kale ya raha, na "un-" imeiondoa raha hiyo. Kama mwataka kusema kwa shida, semeni "with difficulty". Na msiseme "hardly" kwa kuwa "hard" ni gumu: "He hardly climbed the hill" maana yake ni karibu hakupanda kabisa.

ZOEZI

Fasirini sentensi hizi kwa Kiswahili, pasipo kutumia "kwa urahisi" hata mara moja:

1. My grandmother is easily tired.
2. This sack weighs easily ninety kilos.
3. Our goalkeeper is easily the tallest boy in the team.
4. You could easily miss the last bus.
5. This cloth tears easily.

Fanyeni kwanza, ndipo mtazame majibu haya. Ya 1: Bibi yangu ni mwepesi wa kuchoka. Ya 2: Gunia hili halipungui kilo 90. Ya 3: Golikipa wetu ndiye mrefu kuliko wote katika timu, hakuna amkaribiaye. Ya 4: Yawezekana sana ukakosa basi la mwisho. Ya 5: Nguo hii hupasuka upesi. Aliyepata tofauti na haya lakini maana ni ileile, asijihesabu amekosa.

MWISHO

Wanafunzi wenzangu wa zamani mtakumbuka jinsi tulivyokuwa wakalimani wa nyumba zetu. Barua ikija, huitwa mtoto aliyesoma. Karatasi ya hospitali ikija, huitwa mtoto aliyesoma. Kazi hiyo haijaisha, na ninyi mlio shuleni sasa mwaijua. Mzazi hukaa kimya, taa iko mezani, na kila atakalolijua juu ya karatasi ile litapita kinywani mwenu. Kwa hiyo msilifasiri neno mpaka mmelitazama neno lililo jirani yake. "Easily" iliyo karibu na "could" ni onyo, iliyo karibu na "the best" ni sifa, iliyo karibu na "led" ni aibu.

Baba alinidai jambo moja tu baada ya wiki zile mbili. Ripoti iliyofuata alinitaka niisome polepole, na kila neno nisilolijua hakika niliwekee alama, nikamwulize mwalimu muhula ukifunguliwa. Ripoti hiyo ilikuwa na alama saba. Kuku sikupata, lakini baba aliikunja vizuri akaiweka katika sanduku lake la nguo, na mpaka leo imo.