Kwetu ni Wapi?

SOMO LA WIKI KWA MAKANISA YA KITALE NA BUNGOMA
Maandiko: Zaburi 137; Yeremia 29:4–7; Nehemia 1–2; Waebrania 11:13–16



Ukitoka Kitale kuelekea Eldoret, ukishavuka mto Nzoia pale Moi's Bridge, unaingia uwanda wa Uasin Gishu. Wengi wetu tumepita hapo kwa matatu, macho kwenye simu. Lakini je, unajua kwamba hapo palikaribia kuwa makao ya Wayahudi?

Mwaka 1903 Joseph Chamberlain, waziri wa makoloni wa Uingereza, alipendekeza Wayahudi wapewe sehemu ya uwanda huo, wajitawale chini ya Uingereza. Pendekezo lilimfikia Theodor Herzl, kiongozi wa Wazayuni, yaani Wayahudi waliotaka kurudi katika nchi ya baba zao. Mpango huo uliitwa wa Uganda kwa sababu hadi mwaka 1902 eneo hili lilihesabiwa kuwa la Uganda. Na ofa ilikuja wakati wa machozi. Aprili 1903, mjini Kishinev katika dola la Urusi, Wayahudi 49 walikuwa wameuawa, nyumba na maduka yao yakaharibiwa.

Mimi nilisomea biashara, na kwa hesabu za biashara ofa hiyo ilikuwa nzuri. Watu wako hatarini, udongo una rutuba, mvua ipo, reli imeshafika ziwani, serikali kubwa inadhamini. Wewe ungekubali, si ndiyo?

Agosti 1903 wajumbe walikutana Basel, Uswisi. Kura 295 zilikubali watu watumwe kukagua ardhi, 178 zikakataa. Wajumbe wengi wa Urusi walitoka ukumbini, wengine wakilia. Cha kushangaza ni kwamba hata waliotoka Kishinev kwenyewe walikuwa upande wa kukataa. Max Nordau, mwenzake Herzl, alikuwa ameeleza kwamba Afrika ingekuwa makao ya usiku tu, mahali pa kujihifadhi ukingoja kufika nyumbani. Waliopinga waliogopa kwamba mtu akishazoea kitanda cha njiani, atasahau safari. Herzl alipofunga mkutano aliinua mkono wa kulia akatamka kwa Kiebrania kiapo cha Zaburi 137, cha kutoisahau Yerusalemu. Alifariki mwaka 1904. Wakaguzi watatu walikuja huku mapema 1905, na mwaka huo huo mkutano ukaikataa ofa kabisa.

Sasa ngoja kidogo. Kuna watu ambao hawakuulizwa lolote. Uwanda huo ulikuwa malisho ya Wamaasai na Wanandi. Wanandi walikuwa bado wanapigana na Waingereza, na kiongozi wao Koitalel arap Samoei aliuawa Oktoba 1905. Mtu alikuwa anagawa shamba la jirani bila kubisha hodi. Sisi wa Trans Nzoia, baada ya yale tuliyoyaona mwaka 2008, hatuhitaji kufafanuliwa sana jambo hilo. Ukilia kwa ajili ya kwenu, kumbuka jirani yako naye ana kwao.

Tujifunze nini?

1. Kukumbuka kwenu si dhambi. Wayahudi walikaa ugenini miaka mingi sana, na hawakupotea kama watu, kwa sababu waliwafundisha watoto wao wanatoka wapi. Kuna vijana wetu waliozaliwa Kitale ambao Bungoma wanaijua kwa matanga tu. Hawajui jina la baba ya babu yao. Mzazi, hilo si kosa la mtoto.

2. Kukumbuka kwenu si sababu ya kudharau ulipo. Baba yangu alilima Trans Nzoia zaidi ya miaka thelathini. Nyumba ya mawe aliijenga Bungoma, na ilikaa imefungwa kwa kufuli mwaka mzima hadi Desemba. Sisi watoto tulikulia nyumba ya udongo huku Kitale, kwa sababu alisema hapa tunapita tu. Hata mti wa parachichi hakupanda. Simlaumu, maana vita vilipokuja tuliona hofu yake haikuwa ya bure. Lakini Yeremia aliwaandikia mateka wa Babeli, watu waliochukuliwa kwa nguvu, wajenge nyumba, wapande bustani, waoze watoto na wauombee amani mji ule. Kama mateka waliambiwa hivyo, je, wewe uliyekuja Kitale kwa hiari yako? Panda mti. Kaa kwenye kamati ya shule. Salimia jirani wa kabila lingine kwa jina lake.

3. Upendo wa nyumbani uwe na mpango. Kitabu cha Ezra kinasema waliorudi Yerusalemu mara ya kwanza walikuwa 42,360. Wengi walibaki, lakini waliwapa wenzao fedha na dhahabu. Nehemia alikuwa na kazi nzuri ikuluni Shushani. Kwanza aliuliza habari za ndugu zake. Akalia, akafunga, akaomba. Halafu akaomba ruhusa yenye tarehe, barua za njiani na mbao. Huo ni mpango kamili! Alipomaliza miaka kumi na miwili, alirudi kwa mfalme. Kwa hiyo ndugu yetu uliye Qatar au Marekani, usianze na kutuma pesa za ploti. Anza kwa kumpigia mama simu umuulize anaendeleaje, na umsikilize mpaka amalize.

Hata leo, tangu taifa la Israeli litangazwe mwaka 1948, karibu nusu ya Wayahudi wanaishi nje yake, wengi wao Marekani. Swali la kwetu ni wapi bado wanaulizana, na hawakubaliani wote. Sisi tuliookoka tuna jibu la ziada. Waebrania 11 inatuonyesha Abrahamu akikaa hemani ndani ya nchi ya ahadi yenyewe, akitazamia mji alioujenga Mungu. Kitale ni makao ya usiku, na Bungoma pia. Lakini hata kwenye makao ya usiku, mgeni mwema hufagia kabla ya kuondoka.

Maswali ya vikundi vya nyumbani
1. Ni nani nyumbani hujamuuliza habari zake mwaka huu?
2. Ni kitu gani umekataa kupanda au kujenga hapa kwa kusema "si kwetu"?
3. Jirani yako ambaye si wa kabila lako anajisikia yuko kwao anapokaa karibu na wewe?

Tuombe: Bwana, utufundishe kukaa vizuri tulipo, kutosahau tulikotoka, na kufika unakotupeleka. Amina.