Naibu wa gavana aliyeshinda cheo chake

Swali: Katika dola ya Uthmaniya, nani alitawala mkoa gavana asipokuwepo?

Jibu: Kwa muda mrefu alikuwa mutesellimu. Gavana alipokwenda vitani, au alipopewa mkoa ambako hakukusudia kuishi, alimtuma mtu huyu akusanye kodi na kulinda amani kwa niaba yake. Kufikia karne ya 18 nafasi hiyo ilikuwa mikononi mwa vigogo wa mahali. Ukoo wa Karaosmanoğlu wa Manisa, magharibi mwa Anatolia, ulijijengea utajiri na nguvu kubwa kupitia unaibu huo. Magavana walikuja na kuondoka. Vigogo hao walibaki, na kwa mkulima mtawala halisi alikuwa naibu.

Istanbul haikupendezwa. Mageuzi ya Tanzimat, yaliyoanza mwaka 1839, yalikifuta cheo hicho.

Nafasi ikachukuliwa na kaimakamu, jina ambalo awali lilimhusu pia aliyeshika kiti cha waziri mkuu wakati waziri huyo alipokuwa vitani. Sheria ya mikoa ya mwaka 1864 ilimfanya mkuu wa wilaya, mtumishi wa serikali mwenye mshahara. Ila si kila mahali! Mwaka 1871 Sheikh Abdullah wa Kuwait alipewa cheo hichohicho, lakini aliendelea kutawala kwa urithi wa ukoo wake. Jassim Al Thani wa Qatar naye alikipata katika muongo huo, na mwaka 1893 watu wake walipigana na jeshi la Uthmaniya huko Wajbah.

Uturuki bado inawaita wakuu wake wa wilaya kaimakamu.