Jasho, Haraka na Chupa: Mwili wa Mpishi Baada ya Zamu

Katika majiko ya hoteli na mabanda ya kukaangia samaki karibu na soko la Kivukoni, Dar es Salaam, mafuta ya karai hufikia nyuzi 180 hivi za Sentigredi. Mpishi asimamaye mbele yake hana budi kubaki na joto la mwili la nyuzi 37. Silaha yake kuu ni jasho: kila gramu inayogeuka mvuke huondoa kilojuli 2.4 hivi za joto. Lakini hewa ya pwani imejaa unyevu. Jasho jingi hudondoka kabla ya kugeuka mvuke, na jasho linalodondoka halipozi mwili.

Juu ya joto hilo kuna haraka. Wateja hufika kwa pamoja, kila mmoja akidai chake. Tezi za adrenali, zilizo juu ya figo, humwaga adrenalini na kotisoli katika damu. Moyo huenda mbio. Zamu ikiisha saa 5 usiku, hali hiyo haizimiki kama jiko, na hapo ndipo bia huonekana kuwa dawa.

Kwa muda mfupi ni dawa kweli, kwani pombe hutuliza ubongo. Hata hivyo huzuia homoni inayoziamuru figo kuhifadhi maji. Aliyekwisha kupoteza maji kwa jasho huyapoteza tena kwa mkojo. Usingizi nao huja upesi, kisha hukatikakatika.

Wanafunzi na wapige hesabu. Chupa ya nusu lita yenye pombe asilimia 5 ina gramu 20 hivi za alkoholi. Ini huondoa kama gramu 7 hadi 10 kwa saa, wala kahawa hailiharakishi. Chupa 3 basi huhitaji saa 6 au zaidi. Mpishi aliyezinywa baada ya zamu aweza kufika mnadani Kivukoni saa 11 alfajiri akiwa bado na pombe damuni, na siku hiyohiyo atashika kisu. Kwa gongo hesabu hii haiwezekani, maana nguvu yake haijulikani.

Kumwita mpishi huyo mlegevu wa tabia ni lawama nyepesi mno. Maji ya kunywa kando ya jiko, tundu la kutolea hewa ya moto na mapumziko katikati ya zamu ni mambo ya mwenye hoteli, si ya mpishi. Aliyezoea kunywa sana kila siku kwa miaka naye asishurutishwe kuacha ghafla: aweza kushikwa na kifafa, hata kufa. Apelekwe hospitali, aachishwe chini ya uangalizi wa daktari.