Fungasha mfuko wa kujifungulia kabla uchungu haujaanza

Usiku mmoja nikiwa zamu katika hospitali moja jijini, mama mmoja aliletwa kwa teksi mwendo wa saa nane kasorobo. Ilikuwa mimba yake ya pili na uchungu ulikuwa umeshika. Mumewe alimfuata nyuma akiwa amebeba begi kubwa, jipya, lililojaa nguo nzuri za mtoto, shali mbili na hata viatu vidogo vya kitambaa.

Nilipoomba kijitabu cha kliniki, wawili hao walitazamana. Kijitabu kilikuwa nyumbani juu ya kabati.

Ilitubidi kuanza upya kana kwamba mama huyo hajawahi kuhudhuria kliniki hata siku moja. Bwana alirudi nyumbani kukitafuta. Alipowasili nacho, saa moja ilikuwa imepita, mtoto alikuwa amezaliwa na mama alikuwa ameanza kuvuja damu nyingi. Ndani ya kijitabu kulikuwa kumeandikwa mambo mawili: kwamba alivuja damu vilevile alipojifungua mara ya kwanza, na kwamba kundi lake la damu ni O hasi, ambalo ni nadra miongoni mwetu. Damu ya aina hiyo haikuwapo kwenye jokofu letu, ikabidi itafutwe usiku huo huo.

Mama huyo alipona. Lakini saa ile moja tungeitumia kutafuta damu mapema, na begi lile zuri halikutusaidia kuiokoa.

Nimeanza na kisa hiki kwa sababu wengi hudhani mfuko wa kujifungulia ni mambo ya nguo tu. Kazi yake ya kwanza ni kuokoa muda, na katika chumba cha kujifungulia muda ndio uhai.

Ufungashwe lini?

Mimba huhesabiwa kuwa imekomaa ikitimiza wiki 37. Kwa hivyo, ifikapo wiki ya 36 mfuko uwe tayari na uwekwe mahali ambapo kila mtu nyumbani anapajua. Ikiwa una mapacha, una shinikizo la damu, au uliwahi kujifungua kabla ya wakati, usingoje mpaka hapo. Fungasha kuanzia wiki ya 32.

Yafaa kuwa na mifuko miwili. Mdogo utaingia nawe chumba cha kujifungulia. Mkubwa utabaki na msindikizaji wako hadi utakapopelekwa wodini.

Karatasi kwanza

Kitu cha kwanza kutiwa mfukoni ni kijitabu cha kliniki cha mama na mtoto. Humo mna kundi lako la damu, vipimo vya shinikizo la damu, kiwango cha damu mwilini, majibu ya kipimo cha virusi vya ukimwi na historia ya uzazi wako. Weka pia picha za mimba ulizopigwa, barua ya rufaa kama unayo, kitambulisho chako na nakala ya kitambulisho cha baba mtoto. Zitie zote katika bahasha ya plastiki, juu kabisa ya vitu vingine.

Hebu fungua kijitabu chako leo, usome kama kundi la damu limeandikwa. Ikiwa ni hasi, mwulize daktari kuhusu sindano ya kinga ambayo hutolewa katika muda wa saa 72 baada ya kujifungua iwapo kundi la mtoto ni chanya. Sindano hiyo hulinda mimba zitakazofuata. Tafuta pia jamaa mmoja au wawili walio tayari kutoa damu ikihitajika.

Kuhusu malipo, mambo yamebadilika mara kadhaa. Ada za kujifungua katika hospitali za umma ziliondolewa mwaka 2013, kisha ukaja mpango wa Linda Mama. Tangu Oktoba 1, 2024, Mamlaka ya Afya ya Jamii, yaani SHA, ilichukua nafasi ya NHIF. Jiandikishe mapema, na uulize kama michango yenu imekamilika na kama hospitali mliyoichagua ina mkataba na mamlaka hiyo. Si jambo la kuanza kushughulikia ukiwa umeinama kwa uchungu mbele ya dirisha la malipo.

Vitu vya mama

Beba leso nne, kwani leso ni shuka, taulo, nguo na pazia kwa wakati mmoja. Ongeza magauni mawili ya kulalia yanayofunguka mbele kwa ajili ya kunyonyesha, sweta, soksi, ndara, sidiria mbili na chupi tano kubwa za pamba. Tia sabuni, taulo, mswaki, dawa ya meno, karatasi za msalani, kikombe, na mfuko wa plastiki wa nguo chafu. Gauni la kurudi nalo nyumbani liwe pana. Tumbo halirudi siku hiyo hiyo.

Beba pakiti mbili za sodo kubwa. Sodo zitakusaidia pia kujua kiasi cha damu unayopoteza. Ikiwa sodo moja inalowa kabisa kabla ya saa moja kupita, mwite muuguzi mara moja hata kama unaona haya. Kuvuja damu baada ya kujifungua ni miongoni mwa sababu kuu za vifo vya akina mama wazazi, na damu husubiri kwa dakika, haisubiri asubuhi.

Kama unatumia dawa za shinikizo la damu, kisukari, pumu, kifafa au za kupunguza makali ya virusi vya ukimwi, zibebe na umwonyeshe muuguzi. Usikatize dawa kwa sababu umelazwa. Mtoto wa mama aliye na virusi huhitaji dawa yake ya kinga mapema baada ya kuzaliwa, kwa hivyo wahudumu wanapaswa kujua.

Vitu vya mtoto

Mtoto mchanga huzaliwa akiwa amelowa, na hupoteza joto haraka sana, hata Mombasa, sembuse Nairobi mwezi wa Julai. Joto lake linapaswa kuwa kati ya nyuzi 36.5 na 37.5. Akipoa, hushindwa kunyonya na hata kupumua vizuri. Kwa hivyo, katika ule mfuko mdogo tia taulo au leso mbili safi na kavu: moja ya kumpangusia, nyingine ya kumfunikia akiwa amelazwa kifuani mwa mama, ngozi kwa ngozi. Tia na kofia.

Katika mfuko mkubwa weka nguo seti tatu, kofia nyingine, soksi, shali, blanketi jepesi na nepi za kutosha siku mbili. Beseni la kuogeshea halina haraka, kwa maana mtoto haogeshwi kabla ya saa 24 kupita.

Nguo zote, mpya au za kurithi, zifuliwe, zianikwe juani na kupigwa pasi. Na hapa ninatoa onyo. Familia nyingi huhifadhi nguo za mtoto wa kwanza katika sanduku pamoja na vile vidonge vyeupe vya kufukuza nondo na mende. Vidonge hivyo vina nafthalini. Watoto wengine, hasa katika jamii za Pwani na eneo la Ziwa, huzaliwa na upungufu wa kimeng'enya kiitwacho G6PD, na harufu ya nafthalini iliyobaki kwenye nguo yaweza kuvunja chembe zao za damu. Mtoto hugeuka manjano kupita kiasi, na ubongo wake waweza kudhurika. Usiviweke kabisa karibu na nguo za mtoto.

Vya kuacha nyumbani

Acha vito vya dhahabu. Acha wembe, huna haja ya kujinyoa, na mikwaruzo yake ni mlango wa viini. Acha maziwa ya kopo na chupa, isipokuwa daktari amekuagiza. Mtoto anyonyeshwe ndani ya saa ya kwanza, na yale maziwa mazito ya manjano yasikamuliwe na kumwagwa, kwa kuwa ndiyo kinga yake ya kwanza.

Zaidi ya yote, acha dawa za kienyeji za kuharakisha uchungu. Zaweza kukaza tumbo la uzazi hadi likapasuka. Hali kadhalika, usibebe chochote cha kupaka kitovu. Jivu, dawa ya meno na mate havina kazi pale. Utapewa maagizo na wahudumu.

Hospitali nyingine huomba pamba, glavu au vitu vingine. Uliza orodha yao kliniki, usikisie.

Usafiri na msindikizaji

Mfuko hauna miguu. Andika kwenye karatasi nambari za simu za madereva wawili wa teksi, ya hospitali na ya jamaa wa karibu, kwani simu huzima chaji usiku ule ule unapoihitaji. Fanyeni hesabu ya njia: anayeishi Likoni na kujifungulia kisiwani asisahau feri, naye wa Githurai asisahau msongamano wa jioni. Tenga pesa za dharura na usiziguse kwa sababu nyingine.

Chagua msindikizaji, awe mume, mama, dada au rafiki, na umwonyeshe mfuko huo kabla ya siku yenyewe. Ajue kila karatasi iko wapi. Wewe utakuwa na kazi nyingine. Iwapo utahamishiwa hospitali kubwa zaidi kwa ambulensi, kazi yake ya kwanza ni kuhakikisha bahasha ile imeondoka nawe.

Usirudi nyumbani bila kupewa notisi ya kuzaliwa kwa mtoto na kijitabu chenye rekodi ya chanjo. Hakikisha majina ya wazazi yameandikwa jinsi yalivyo kwenye vitambulisho, kisha muombe cheti cha kuzaliwa kabla ya miezi sita kuisha.

Usisubiri uchungu

Ziko dalili ambazo ukiziona unaondoka wakati huo huo, uwe umefungasha au hujafungasha: kutokwa na damu, maji ya uzazi kumwagika, kuumwa na kichwa vikali pamoja na kuona kiza au nyota, degedege, homa kali, au mtoto kupunguza kucheza tumboni. Mfuko utaletwa baadaye. Chukua kijitabu tu, uende.

Jioni hii, kabla ya kulala, muda wa dakika tano unatosha. Kitafute kijitabu cha kliniki, kitoe juu ya kabati, kitie katika bahasha na ukiweke mfukoni. Nguo zaweza kufuata kesho.