Mistari Mitatu ya Mji: Haki za Mwenye Ardhi Hasamba na Mkoa wa Songwe

Sheria za Tanzania huuchora mji kwa mistari mitatu ambayo si lazima ilingane: mstari wa utawala, unaoamua ni chombo gani cha serikali za mitaa kinachowaongoza wakazi, mstari wa mipango miji, unaoamua matumizi ya kila kipande cha ardhi, na mstari wa upimaji, unaoamua mpaka wa kiwanja kimoja na kingine. Migogoro mingi ya ardhi pembezoni mwa miji inayokua huzuka pale mmoja wa mistari hiyo unapochukuliwa kuwa ndio yote, na mwenye shamba akaambiwa kwamba, kwa kuwa mji umetangazwa, shamba lake si lake tena. Jambo hilo linawahusu wakazi wa Hasamba, kata iliyomo katika Wilaya ya Mbozi ambako mibuni na mahindi hupakana na nyumba mpya za matofali, na linawahusu vilevile wakazi wa pembezoni mwa Tunduma, mji wa mpakani ambao sensa ya mwaka 2012 iliukuta na watu wasiofika 100,000 na sensa ya mwaka 2022 ikaukuta na zaidi ya 200,000.

Ziko nchi ambako mistari hiyo ilikusudiwa tangu mwanzo iende pamoja. Nchini Marekani, sheria ya ardhi ya mwaka 1785 iliagiza maeneo ya magharibi yakatwe katika miraba yenye upande wa maili 6, kila mraba ukagawanywa katika vipande 36 vya ekari 640, na kipande cha 16 kikatengwa kwa ajili ya shule. Katika majimbo kadhaa mraba huohuo wa mpima ardhi baadaye ukawa ngazi ya chini ya serikali. Tanzania haikufuata njia hiyo. Hapa watu hutangulia, utawala hufuata, na mpima ardhi mara nyingi huwa wa mwisho kufika, tena akikuta nyumba, makaburi na miti iliyopandwa na vizazi vitatu.

Mstari wa utawala umewekwa na sheria mbili za mwaka 1982: Sheria ya Serikali za Mitaa (Mamlaka za Wilaya), Namba 7, na Sheria ya Serikali za Mitaa (Mamlaka za Miji), Namba 8. Chini ya sheria ya kwanza ziko halmashauri za wilaya, halmashauri za vijiji na mamlaka za miji midogo. Chini ya ile ya pili ziko halmashauri za miji, manispaa na majiji. Mamlaka ya mji mdogo ni chombo cha katikati: eneo limekwisha kupata sura ya mji, lakini bado limo ndani ya halmashauri ya wilaya, na wakazi wake wamegawanywa katika vitongoji ambavyo wenyeviti wao huingia katika baraza la mji mdogo. Halmashauri ya mji, kama ile ya Tunduma, inajitegemea na ina bajeti yake, na chini yake iko mitaa, ingawa ziko halmashauri za miji nchini zenye mitaa na vijiji kwa pamoja. Mkoa wa Songwe, uliomegwa kutoka Mbeya mwaka 2016, una halmashauri tano: Tunduma, Mbozi, Momba, Ileje na Songwe, na ya Tunduma peke yake ndiyo ya mji.

Kuanzisha mamlaka ya mji mdogo au halmashauri ya mji hufanywa na Waziri mwenye dhamana ya serikali za mitaa kwa tangazo linalochapishwa katika Gazeti la Serikali, na tangazo hilo ndilo la kutafutwa kwanza na mkazi anayeambiwa kwamba kijiji chake kimeingizwa mjini, kwa kuwa barua ya ofisi, kauli ya mkutano wa hadhara au kibao kilichosimikwa kando ya barabara haviwezi kushika nafasi yake. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016 inampa raia haki ya kuomba kwa maandishi taarifa iliyo mikononi mwa mamlaka ya umma na kupewa jibu ndani ya siku 30. Haki hiyo hutumika kidogo mno vijijini, ilhali barua ya ukurasa mmoja inatosha kuianzisha.

Mabadiliko ya mstari wa utawala yana uzito mkubwa kuliko mabadiliko ya vibao. Kijijini, Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Namba 5 ya mwaka 1999, inaipa halmashauri ya kijiji kazi ya kusimamia ardhi kwa niaba ya wanakijiji, na haiiruhusu kugawa ardhi bila kibali cha mkutano mkuu wa kijiji, yaani mkutano wa wakazi wote wenye umri wa miaka 18 au zaidi. Kijiji kinapokoma na kuwa sehemu ya mji mdogo au mtaa, mamlaka hayo hayarithiwi na mwenyekiti wa kitongoji au wa mtaa. Mwenyekiti wa mtaa ni kiongozi aliyechaguliwa na wakazi, mara ya mwisho katika uchaguzi wa tarehe 27 Novemba 2024, naye aweza kushuhudia kwamba anawafahamu muuzaji na mnunuzi. Hana uwezo wa kugawa ardhi, na muhuri wake hauligeuzi karatasi la mauzo kuwa hati. Desturi iliyoenea ya kutoza asilimia 10 ya bei ya kiwanja ili karatasi ligongwe muhuri haina msingi katika sheria za ardhi, na anayeilipa anastahili angalau kudai stakabadhi halali ya serikali, dai ambalo peke yake huwa limekwisha kumaliza mazungumzo mengi. Mahali ambapo kijiji bado kipo, hali ni kinyume chake: uhamishaji wa haki ya kimila unahitaji idhini ya halmashauri ya kijiji, na Mahakama ya Rufani imekwisha kuamua kwamba mauzo ya ardhi ya kijiji yasiyo na idhini hiyo hayana nguvu. Mnunuzi anayetoka mjini, Tunduma au Vwawa, kutafuta shamba anatakiwa kwa hiyo kujua kwanza, kabla ya bei, kama eneo ni la kijiji au la mji.

Swali linalowasumbua wengi ni kama haki ya kimila hufa mji unapotangazwa. Haki ya kimila ni ile inayotokana na kurithi, kugawiwa na wazee au kijiji, au kufyeka pori na kulima kwa muda mrefu kwa kufuata desturi za mahali. Katika hukumu ya mwaka 1994 ambayo wanasheria huiita kesi ya Akonaay, Mahakama ya Rufani ilitamka kwamba haki hiyo ni mali inayolindwa na ibara ya 24 ya Katiba, na kwamba mtu hawezi kunyang'anywa bila fidia. Upande wa pili, hukumu ya Mahakama Kuu iliyochapishwa katika ripoti za sheria za mwaka 1990 iliwatahadharisha wenye ardhi ya kimila kwamba, eneo likishatangazwa kuwa la mipango miji na kupimwa, wanapaswa kuharakisha kuomba hatimiliki ya kiserikali, kwa kuwa anayekaa kimya huweza kukuta kiwanja kimegawiwa mwingine. Hukumu hizo hazipingani kama inavyodhaniwa. Ya kwanza inaeleza kile ambacho serikali inadaiwa. Ya pili inaeleza kile ambacho mwenye ardhi anahatarisha kwa kuchelewa, na busara ni kuzisoma pamoja.

Pale serikali inapotaka ardhi ya kijiji iwe ardhi ya jumla, yaani ile iliyo chini ya Kamishna wa Ardhi, kifungu cha 4 cha Sheria ya Ardhi ya Vijiji kimeweka utaratibu wake: taarifa hutolewa ikitaja mahali, ukubwa na sababu, walioathirika husikilizwa, na eneo lisilozidi hekta 250 huamuliwa na mkutano mkuu wa kijiji wenyewe. Uhamisho haukamiliki kabla aina, kiasi, namna na wakati wa kulipa fidia haujakubaliwa. Kanuni za fidia za mwaka 2001 zinataja thamani ya ardhi kwa bei ya soko, majengo na mazao, posho ya usumbufu, faida iliyopotea, posho ya makazi inayokokotolewa kwa kodi ya nyumba ya miezi 36, na gharama ya kusafirisha mizigo ya tani 12 ndani ya kilomita 20. Posho za makazi na usafiri hazilipwi kwa ardhi isiyokaliwa. Malipo yakipita miezi sita, riba huanza kuhesabiwa. Mkulima wa kahawa aliyehesabiwa mibuni bila thamani ya ardhi yenyewe, au kinyume chake, hajalipwa fidia kamili hata kama ametia saini.

Mstari wa pili, wa mipango miji, huchorwa na wizara nyingine. Sheria ya Mipango Miji, Namba 8 ya mwaka 2007, inampa Waziri wa Ardhi uwezo wa kutangaza eneo la mipango, na kuanzia hapo ujenzi unahitaji kibali na matumizi hufuata mchoro ulioidhinishwa. Rasimu ya mpango hutakiwa kufikishwa kwa wananchi watoe maoni, na huo ndio wakati wa kuuliza kwa nini shule imechorwa juu ya makaburi ya ukoo, kwa kuwa baada ya idhini swali hilohilo huwa gumu mara kumi zaidi.

Mstari wa tatu ni wa mpima ardhi. Kazi yake hufuata mchoro wa mipango: huweka mawe ya mpaka, ambayo wengi huyaita bikoni, huandaa ramani ya upimaji, na ramani hiyo haina nguvu kabla ya kuidhinishwa na Mkurugenzi wa Upimaji na Ramani. Kiwanja chenye bikoni lakini kisicho na ramani iliyoidhinishwa hakijapimwa kisheria, na wauzaji wa viwanja katika miji inayokua hunufaika sana na kutofahamika kwa jambo hili dogo. Kung'oa bikoni ni kosa, hata bikoni hiyo ikiwa imewekwa kimakosa; njia halali ni kulalamika na kuomba mipaka ikaguliwe upya. Katika urasimishaji, yaani utambuzi na upimaji wa makazi yaliyokwisha kujengwa, wakazi huchangia gharama na kuachia nafasi ya barabara, na wenye mashamba makubwa wakati mwingine huombwa kutoa sehemu ya viwanja kama malipo ya upimaji. Makubaliano ya namna hiyo ni mkataba, si amri, na yanapaswa kuandikwa yakionyesha idadi ya viwanja vitakavyobaki kwa mwenye shamba.

Barabara kuu ya kwenda Zambia imeleta mstari mwingine ambao haumo katika mitatu hiyo. Sheria ya Barabara ya mwaka 2007 na kanuni zake zimepanua hifadhi ya barabara kuu kutoka meta 22.5 hadi meta 30 kila upande kutoka katikati. Alama ya X nyekundu kwenye jengo humaanisha kwamba limejengwa ndani ya hifadhi ya zamani na halina fidia. X ya kijani humaanisha kwamba limo katika ukanda ulioongezwa wa meta 7.5, na mwenye jengo hilo anastahili fidia kabla ya kuondolewa.

Tunduma ina ugumu wake, kwa kuwa koo zake zina ndugu Nakonde, ng'ambo ya mpaka, na ndoa hazikaguliwi na forodha. Asiye raia haruhusiwi kumiliki ardhi Tanzania isipokuwa kwa uwekezaji chini ya sheria ya uwekezaji, na haki ya kimila ni ya raia peke yao. Kuandikisha shamba kwa jina la shemeji wa Zambia ni kulianika kwenye hatari ya kupotea. Mke aliye raia, kwa upande wake, ana haki sawa na mwanamume ya kupata na kumiliki ardhi, na desturi inayomnyima haki hiyo haina nguvu kwa mujibu wa kifungu cha 20 cha Sheria ya Ardhi ya Vijiji.

Mgogoro kati ya watu wawili huanzia kwenye usuluhishi. Tangu marekebisho ya mwaka 2021, baraza la kata halitoi tena hukumu. Linasuluhisha, na likishindwa linatoa uthibitisho, au siku 30 zikipita bila suluhu, ndipo Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya linaweza kusikiliza shauri. Asiyeridhika na uamuzi wa baraza hilo ana siku 45 za kukata rufaa Mahakama Kuu. Madai ya kurejesha ardhi hukoma baada ya miaka 12, na muda huo hauongezwi kwa kuwa mdai alikuwa akiandika barua kwa viongozi. Mgogoro na halmashauri yenyewe una njia nyingine, na hapa ndipo mashauri mengi hufutwa kabla ya kusikilizwa: tangu mwaka 2020 anayeishtaki halmashauri ya kijiji, wilaya au mji analazimika kutoa kwanza taarifa ya siku 90, kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali katika shauri, na kulifungua Mahakama Kuu wala si katika baraza la wilaya. Asiye na uwezo wa kumlipa wakili anaweza kuomba huduma chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, ambayo pia inawatambua wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa wanaofanya kazi karibu na wananchi. Taarifa ya siku 90 ni miongoni mwa nyaraka ambazo inafaa waulizwe mapema.