Nani Ana Mamlaka Katika Shule ya Kanisa?

Shule nyingi za umma katika kaunti za Meru na Embu zilianzishwa na makanisa. Ndiyo sababu kila mwalimu mkuu mpya anapoletwa, au sare inapobadilishwa, swali moja huzuka: shule ni ya nani, ya kanisa au ya serikali?

Kesi iliyofunguliwa katika Mahakama Kuu mjini Meru ina funzo. Juni 2014, katika sherehe kwenye Shule ya Sekondari ya St. Paul's Kiwanjani, Isiolo, Naibu Gavana wa kaunti hiyo aliomba wasichana Waislamu waruhusiwe kuvaa hijabu pamoja na sare. Mvutano ukazuka. Kanisa la Methodist, ambalo ni mfadhili wa shule hiyo, likaishtaki Tume ya Kuajiri Walimu (TSC) pamoja na maafisa wa elimu. Mzazi mmoja akajiunga na kesi kutetea haki ya wanawe.

Machi 2015, Mahakama Kuu iliamua kwa upande wa kanisa. Septemba 2016, Mahakama ya Rufaa mjini Nyeri ilibatilisha uamuzi huo. Januari 2019, Mahakama ya Juu nayo ikaufuta uamuzi wa Rufaa kwa sababu ya utaratibu: mzazi alikuwa ameingia kama mhusika tu, hivyo hakuweza kuleta dai lake jipya ndani ya kesi ya wengine. Anayetaka suala hilo liamuliwe alishauriwa kulifungua rasmi upya. Zaidi ya miaka minne ilipita, na swali lenyewe la hijabu halikupata jibu la mwisho katika mahakama hiyo.

Sheria inasema nini?

Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013 inagawa kazi hivi:

- Mfadhili hutoa ushauri na usimamizi katika mambo ya kiroho, anaweza kuleta kasisi wa shule kwa gharama yake, na husaidia kwa fedha na majengo. Lakini lazima alinde imani ya wanafunzi wa dini nyingine.
- Bodi ya Usimamizi huendesha shule. Wazazi wana viti 6, mfadhili viti 3, na walimu kiti 1. Bodi ya Elimu ya Kaunti huteua mtu 1. Makundi maalumu na watu wenye mahitaji maalumu nao huwakilishwa, kila upande na mtu 1.
- TSC huajiri, huhamisha na kuadhibu walimu walio kwenye orodha yake. Mamlaka hayo yanatoka katika Kifungu cha 237 cha Katiba, si kwa mfadhili.

Serikali ya kaunti, kwa upande wake, inasimamia elimu ya chekechea na vyuo vya ufundi vya vijijini. Shule za msingi na sekondari ni za serikali ya kitaifa. Kwa hivyo ombi la kiongozi wa kaunti jukwaani si uamuzi wa shule, hata likipigiwa makofi.

Mzozo ukitokea

1. Peleka lalamiko kwa maandishi kwa Bodi ya Usimamizi, na ubaki na nakala yake.
2. Omba suala lijadiliwe kikaoni na liwekwe kwenye kumbukumbu za kikao.
3. Usiporidhika, nenda kwa Bodi ya Elimu ya Kaunti. Uamuzi wake unaweza kukatiwa rufaa katika Jopo la Rufaa za Elimu.
4. Ukilazimika kwenda mahakamani, eleza dai lako rasmi tangu mwanzo.

Kufunga lango la shule au kumfukuza mwalimu mkuu kwa mawe si njia mojawapo kati ya hizi. Anayepoteza masomo ni mtoto, awe wa kanisa, wa msikiti au asiye wa upande wowote.

Mzazi, siku ya kuchagua wawakilishi wa bodi, hudhuria. Viti 6 ni vyako. Visipokaliwa na watu unaowaamini, wengine watakuamulia.